Amana ya Umma na Mlango wa Mahakama

Ndugu msomaji, katika magazeti yetu zipo kurasa ambazo wengi wetu huzipita bila ya kuzitazama. Ni zile kurasa zilizojaa maandishi madogo madogo, nembo za wizara na za kaunti, nambari ndefu na tarehe za mwisho za kupeleka bahasha. Hizo ni kurasa za zabuni. Baba huzifunua upesi akitafuta habari za mpira, mama huzifungia maandazi, na watoto hawajui hata maana ya neno lenyewe. Ilhali barabara itakayopita mbele ya nyumba yetu, kisima kitakachochimbwa kijijini, darasa watakalosomea wajukuu na deni watakalolilipa wajukuu hao hao, yote huanzia humo.

Ijumaa hii tumeona ni wajibu wetu kulizungumza jambo hili, na hasa upande wake mmoja usiojulikana sana na umma, nao ni uwezo wa mahakama kuupitia uamuzi wa serikali inapotoa kandarasi za kazi za umma. Wanasheria huuita mapitio ya mahakama. Fedha za kazi hizo ni amana, na habari ya amana inatuhusu sote, aliyesoma sheria na asiyesoma. Katika Suratun-Nisaa, aya ya 58, tumeamrishwa kuzifikisha amana kwa wenyewe, na papo hapo tukaamrishwa uadilifu pindi tuhukumupo baina ya watu. Amana na hukumu zimewekwa pamoja katika aya moja, nazo ndizo zinazokutana katika suala letu la leo.

Analolitazama jaji

Tuanze kwa mfano mwepesi. Chukulia kwamba watu wa mtaa mmoja wamechangishana fedha ili wajenge madrasa. Wakachagua kamati ya watu watano. Kamati ikatangaza kwamba kila fundi anayeitaka kazi alete bei yake ndani ya bahasha iliyofungwa, na kwamba bahasha zote zitafunguliwa kwa pamoja, mbele ya watu, baada ya sala ya Alasiri. Mafundi watatu wakaitikia. Kumbe usiku wa kuamkia siku hiyo mtunza fedha alizichungulia bahasha mbili, kisha akampigia simu shemeji yake, ambaye ndiye fundi wa tatu, akamtajia bei anayopaswa kuishinda. Shemeji akapata kazi. Inawezekana kabisa kwamba shemeji huyo ni fundi hodari, na madrasa ikasimama imara. Hata hivyo kila mwenye akili timamu ataona kwamba waliochanga wamedhulumiwa, na wale mafundi wawili wamedhulumiwa, kwa kuwa njia waliyoahidiwa haikufuatwa.

Analolitazama jaji katika mapitio ni njia hiyo. Yeye hajipi kazi ya kuchagua mkandarasi, wala hasemi kwamba saruji ya huyu ni bora kuliko ya yule. Kazi hiyo ameachiwa mhandisi na kamati ya tathmini. Jaji huuliza maswali ya namna tatu. Je, ofisi iliyoamua ilikuwa na mamlaka ya kisheria ya kuamua hivyo? Je, utaratibu uliowekwa ulifuatwa, na kila aliyehusika akatendewa bila ya upendeleo? Je, uamuzi wenyewe unaingia akilini, au ni wa ajabu kiasi kwamba hakuna mtu mwenye busara ambaye angeufikia? Akiona mambo yamekwenda mrama, anaweza kuubatilisha uamuzi, au kuuzuia kabla haujatekelezwa, au kuishurutisha ofisi itimize wajibu iliyoukwepa.

Nchini Kenya, nchi tuliyoichukua kuwa kielelezo katika makala haya, Katiba ya mwaka 2010 imelitilia nguvu jambo hili. Ibara yake ya 227 inaitaka kila taasisi ya umma inaponunua bidhaa au huduma ifuate utaratibu wenye haki, usawa, uwazi, ushindani na gharama zinazolingana na manufaa. Ibara ya 47 nayo inampa kila mtu haki ya kutendewa kwa uadilifu na ofisi za utawala. Na Ibara za 22 na 258 zinamruhusu mtu yeyote kwenda mahakamani kwa ajili ya maslahi ya umma. Kwa maandishi, basi, mlango upo. Tatizo ni kwamba milango ni miwili, na haifunguki kwa mwendo mmoja.

Mlango wa haraka

Mlango wa kwanza umewekwa na sheria ya ununuzi wa umma ya mwaka 2015. Mzabuni anayeona kwamba amedhulumiwa ana siku 14 za kulifikisha lalamiko lake mbele ya bodi maalumu iliyoundwa kupitia malalamiko ya zabuni. Bodi hiyo ina siku 21 za kutoa uamuzi. Asiyeridhika ana siku 14 za kwenda Mahakama Kuu kuomba mapitio, nayo Mahakama Kuu ina siku 45. Asiyeridhika tena ana siku 7 za kukata rufaa, na Mahakama ya Rufaa nayo ina siku 45, na sheria inasema kwamba neno lake ni la mwisho. Zijumlishe zote utapata siku 146, yaani hata miezi mitano haitimii.

Muda huo hauchezewi. Mwaka 2021 Mahakama ya Rufaa ilishikilia kwamba hukumu ya Mahakama Kuu ikitolewa baada ya zile siku 45 kupita haina nguvu. Tena lalamiko likishapokewa na bodi, shughuli za zabuni husimama na mkataba hautiwi saini mpaka bodi iseme neno lake. Huu ni utaratibu mzuri, nasi hatuna budi kuwapongeza walioutunga. Usipoziba ufa utajenga ukuta, na hapa ufa unazibwa siku ile ile unapoonekana.

Lakini nani anaruhusiwa kupita katika mlango huo? Sheria inamtaja mzabuni, au aliyechukua hati za zabuni, ambaye amepata hasara au anahofia kuipata. Yaani ni mfanyabiashara anayeitaka ile kazi. Mvuvi wa Lamu, mwalimu wa Kisauni, mjane wa Mariakani anayelipa ushuru kila anaponunua kitu dukani, hawamo. Isitoshe, bodi imekatazwa kusikiliza malalamiko kuhusu namna ya ununuzi iliyochaguliwa, kwa mfano ikiwa ofisi imeamua kumwita mkandarasi mmoja peke yake badala ya kuwashindanisha wengi. Na mkataba ukishatiwa saini kwa kufuata sheria, mlango wa bodi umefungwa.

Tulitafakari hilo kidogo. Wafanyabiashara wawili wakigombania kazi, sheria inawaharakishia haki kwa kuhesabu siku. Mwananchi anapouliza kwa nini hapakuwa na mashindano kabisa, sheria hiyo inamwambia apite mlango mwingine. Naye ndiye mwenye mali.

Mlango wa polepole

Mlango wa pili ni ule wa maombi ya kikatiba katika Mahakama Kuu. Huko kila mtu anaruhusiwa kuingia, ila hakuna anayehesabu siku. Kielelezo chake kikubwa ni reli ya kisasa ya SGR kutoka Mombasa hadi Nairobi, kazi iliyotajwa kugharimu takribani shilingi bilioni 327 za Kenya, sehemu kubwa yake ikiwa ni mkopo wa Benki ya Exim ya China.

Mwaka 2009 serikali ilitia saini hati ya maelewano na kampuni ya China Road and Bridge Corporation, nayo ikakubali kufanya upembuzi yakinifu wa reli hiyo kwa gharama zake yenyewe. Mwaka 2012 kampuni hiyo hiyo ikapewa mkataba wa kuijenga, pasina zabuni ya ushindani. Mikataba ya mkopo ikafuata mwaka 2014. Mwaka huo huo, mwanaharakati Okiya Omtatah na mwenzake, na kando yao Chama cha Wanasheria cha Kenya, walikwenda mahakamani kuuliza: ushindani ambao Katiba inautaka uko wapi?

Novemba 2014 Mahakama Kuu iliyatupilia mbali maombi yao. Wakakata rufaa. Rufaa ikingoja, tuta likajengwa, madaraja yakasimamishwa, na tarehe 31 Mei 2017 treni ya abiria ikazinduliwa kwa shangwe. Miaka mitatu baada ya hapo, tarehe 19 Juni 2020, Mahakama ya Rufaa ikatamka kwamba Shirika la Reli lilikiuka Ibara ya 227 na sheria ya ununuzi ya mwaka 2005 iliyokuwa ikitumika wakati ule. Mojawapo ya hoja zake ilikuwa kwamba mkandarasi alikwisha kupatikana kabla ya mkopo, kwa hiyo masharti ya mkopo hayawezi kuwa ndiyo sababu ya kuacha mashindano. Juni 2023 Mahakama ya Juu nayo ikaitengua hukumu hiyo, ikiona kwamba yale yalikuwa makubaliano baina ya serikali na serikali, na kwamba sheria ile ya 2005 iliyaruhusu.

Sisi hatukuja hapa kuwa mahakama nyingine juu ya Mahakama ya Juu. Hukumu yake ndiyo sheria, na tunaiheshimu. Tunachomwomba msomaji akiangalie ni kalenda. Swali liliulizwa 2014, jibu la mwisho likapatikana 2023. Ni miaka tisa. Mtoto aliyeandikishwa darasa la kwanza kesi ilipofunguliwa alikuwa amekwisha kuingia sekondari. Treni ilikuwa imeshakwenda na kurudi kwa miaka sita. Hebu tuchukulie kwamba Mahakama ya Juu ingekubaliana na Mahakama ya Rufaa, ingefaa nini? Je, reli ingeng'olewa? Je, riba iliyokwisha kulipwa ingerudi? Maji yakimwagika hayazoleki. Haki iliyofika wakati huo ingekuwa ni somo kwa wanafunzi wa sheria, na aliyelipa angebaki amelipa.

Na aliyelipa ni nani? Mwaka 2013 serikali ilianzisha tozo ya maendeleo ya reli, asilimia 1.5 ya thamani ya bidhaa zinazoingizwa nchini kwa matumizi, kiwango ambacho kimekuwa kikibadilishwa tangu hapo. Tozo hiyo hulipwa bandarini na mwagizaji, kisha huingia katika bei. Kwa hiyo anayenunua sufuria, vitambaa vya sare au kipuri cha bodaboda huchangia reli hata kama hajawahi kuipanda.

Watu wa Mombasa waliguswa zaidi. Mwaka 2014 Mamlaka ya Bandari iliingia katika makubaliano ya kuihakikishia reli mzigo, ili mkopo upate kulipwa. Mwaka 2019 zikatoka amri kwamba makontena yanayokwenda Nairobi na bara yapande treni. Madereva wa malori, mawakala wa forodha, mafundi wa gereji na mama lishe waliokuwa wakipata riziki zao katika barabara kuu, kuanzia Changamwe na Mariakani hadi Voi na Mtito Andei, wakajikuta hawana kazi ya kufanya. Watu waliandamana. Wengine wakaenda mahakamani, na shirika la kutetea haki la MUHURI likajiunga katika kesi hiyo. Novemba 2020 majaji watano wa Mahakama Kuu wakaketi Mombasa na kuzibatilisha amri zile, mojawapo ya sababu ikiwa ni kwamba umma haukushirikishwa, ila wakaipa serikali muda wa siku 180 ijirekebishe. Septemba 2022, siku aliyoapishwa, Rais William Ruto akatangaza kwamba shughuli za kutoa mizigo zirudi Mombasa.

Ndivyo uamuzi mmoja ulivyozaa mwingine. Mkataba ulizaa mkopo, mkopo ukazaa haja ya mzigo, na haja ya mzigo ikazaa amri iliyogusa sahani ya chakula ya dereva wa Jomvu. Anayesema kwamba zabuni ni mambo ya wakubwa, basi na amwulize dereva huyo.

Mizani ya wazee wetu

Huenda ndugu msomaji akadhani kwamba jambo hili la jaji kuyachunguza matendo ya watawala ni geni, limeletwa na wakoloni pamoja na majoho na mawigi. La hasha. Katika dola za Kiislamu lilikuwapo baraza lililoitwa mahakama ya madhalimu, yaani ya kusikiliza dhuluma, na kazi yake ilikuwa hiyo hiyo. Mwanachuoni Al-Mawardi wa Baghdad, aliyefariki mwaka 450 Hijria, sawa na 1058 Miladia, amelitengea mlango mzima katika kitabu chake cha hukumu za utawala, Al-Ahkam as-Sultaniyya. Humo ametaja kwamba wa kwanza kuitenga siku maalumu ya kuwasikiliza waliodhulumiwa alikuwa Abdul-Malik bin Marwan, khalifa wa Bani Umayya.

Liko jambo moja katika maelezo yake ambalo lingefaa kusomwa na kila mbunge. Al-Mawardi ameyagawa mambo yanayoangaliwa na baraza hilo katika mafungu. Matatu ya mwanzo ni maliwali wanaowavuka mipaka raia wao, watoza kodi wanaozidisha, na makatibu wa madiwani wanaoandika mapato na matumizi. Katika mafungu hayo matatu, anasema, msimamizi wa baraza hana haja ya kungoja mlalamikaji. Anayatazama mwenyewe, kwa kuwa mwenye kudhulumiwa hapo ni umma wote, na umma wote hauwezi kuja mlangoni na kubisha hodi. Linganisha na ule mlango wa haraka tulioutaja, ambao hauingiliki mpaka uwe mzabuni.

Imepokewa vilevile katika Bukhari na Muslim kisa cha mtu aliyetumwa na Mtume (s.a.w.) kukusanya zaka. Aliporudi alizigawa mali mafungu mawili, akasema fungu moja ni la Waislamu na la pili amezawadiwa yeye. Mtume (s.a.w.) alipanda mimbari na kulikemea jambo hilo hadharani, akauliza iwapo mtu huyo angeletewa zawadi hizo lau angekaa nyumbani kwa wazazi wake. Hesabu ya mtumishi wa umma ilifanywa mbele ya watu, wakati mali ingali ipo na bado inarudishika.

Ilipowahi amri

Wapo watakaosema kwamba mahakama haiwezi kuwahi, na kwamba serikali ikishaazimia imeshaazimia. Matukio ya mwaka 2024 yanaonyesha vingine. Kampuni ya Adani kutoka India ilikuwa imeleta pendekezo lake yenyewe la kuupanua na kuuendesha uwanja wa ndege wa Jomo Kenyatta, Nairobi, kwa muda wa miaka 30, uwekezaji uliotajwa kuwa wa dola bilioni 1.85 za Marekani. Tarehe 9 Septemba 2024 Mahakama Kuu, kwa maombi ya Chama cha Wanasheria na shirika la haki za binadamu la KHRC, iliamuru jambo hilo lisimame mpaka kesi isikilizwe. Mkataba ulikuwa bado haujatiwa saini. Tarehe 21 Novemba mwaka huo huo Rais Ruto akalitangazia Bunge kwamba mpango umefutwa, akitaja taarifa mpya kutoka kwa vyombo vya uchunguzi na nchi washirika.

Tuseme kweli: aliyeufuta mpango ule hakuwa jaji. Jaji alichofanya ni kuliweka jambo mahali pake, lisitikisike, mpaka ukweli zaidi ujulikane. Lakini kwa sababu hiyo, siku ya kufuta ilipofika hapakuwa na jengo la kubomoa, wala mkopo wa kulipa, wala tozo mpya ya kumbebesha mwananchi. Hiyo ndiyo tofauti baina ya amri iliyotoka mwanzoni na hukumu iliyotoka baada ya miaka tisa.

Hoja ya upande wa pili

Uadilifu unatutaka tuyasikilize maneno ya upande wa pili. Wahandisi na maofisa wa kaunti wanalalamika kwamba kesi za zabuni huchelewesha maendeleo. Mzabuni aliyeshindwa kwa haki hukimbilia mahakamani ili amkomoe mwenzake, na huku wanakijiji wanaendelea kuvuka mto kwa miguu kwa sababu daraja limekwama katika makabrasha. Malalamiko hayo yana ukweli ndani yake. Katika Suratul-Baqara, aya ya 188, tumekatazwa kulana mali kwa batili na kuzifikisha kwa mahakimu ili tule sehemu ya mali ya watu kwa dhambi, hali tunajua. Anayeitumia mahakama kama fimbo ya kumpigia mshindani, akijua kwamba hana haki, na ajitazame katika kioo cha aya hiyo.

Lakini dawa ya jambo hilo imo ndani ya sheria yenyewe. Bodi ina uwezo wa kuyatupa malalamiko ya kipuuzi, na zile siku 146 haziwezi kuwa ndizo zinazokwamisha daraja lililongojwa miaka ishirini. Kinachochelewesha zaidi ni kandarasi iliyoanza kwa hila, kisha ikasimama nusu njia fedha zikiwa zimeliwa. Haraka haraka haina baraka, na barabara inayopasuka msimu wa kwanza wa masika haikumfikisha mtu mapema.

Tufanye nini?

Kwa watunga sheria tuna maneno mawili. La kwanza, maombi ya wananchi kuhusu kazi kubwa za umma nayo yawekewe siku, kama yalivyowekewa ya wafanyabiashara. Ikiwa Mahakama Kuu inaweza kuamua ugomvi wa wakandarasi wawili kwa siku 45, kuna kizuizi gani cha kumpa mlipa kodi kipimo kinachokaribia hicho? La pili, ule upenyo wa makubaliano ya serikali kwa serikali, ambao umo pia katika sheria ya 2015, uwekewe mipaka iliyo wazi. Makubaliano na nchi rafiki si jambo baya. Ubaya ni pale neno urafiki linapokuwa pazia, na nyuma yake mkandarasi akachaguliwa bila ya mwenye mali kujua bei ililinganishwa na nini.

Kwa majaji wetu, tunawaomba wakumbuke kwamba katika kesi za namna hii saa ya ujenzi haisimami kwa sababu faili liko mezani. Pale panapoonekana swali zito kuhusu njia iliyotumika, amri fupi ya kusimamisha mambo, ikifuatiwa na usikilizwaji wa haraka, ina manufaa kwa pande zote. Mkandarasi mwenyewe anaponywa na hasara ya kujenga juu ya mkataba wenye shaka.

Na kwetu sisi, familia za Kiislamu na jirani zetu wa dini nyingine, kazi inaanzia nyumbani. Mali bila daftari hupotea bila habari. Ile aya iliyo ndefu kuliko zote katika Qur'ani, ya 282 katika Suratul-Baqara, inahusu kuandikiana madeni na kuweka mashahidi, nasi tunaihifadhisha watoto wetu madrasani. Basi na tuwafundishe pia kwamba hati ya kandarasi ya kaunti ni katika madeni hayo. Kijana wa sekondari mwenye simu anaweza kuifungua tovuti ya zabuni ya serikali na kumsomea babu yake ni kisima gani kimetangazwa na kwa tarehe gani. Kamati ya msikiti inaweza kuandika barua kwa ofisi ya umma kuomba nakala za hati, kwa kuwa sheria ya mwaka 2016 ya haki ya kupata habari inaitaka ofisi ijibu ndani ya siku 21. Wanasheria waliomo katika jamaa zetu wanaweza kujitolea saa chache kwa mwezi kuzisoma hati hizo. Kuuliza si ujinga, wala si uasi. Ni kutimiza wajibu wa mwenye amana, nao una wakati wake, yaani kabla kalamu haijatia saini na kabla tingatinga halijawashwa.

Mnasaba wa jambo hili na uchaji Mungu si mdogo kama unavyodhaniwa. Tunapomwombea dua maiti wetu tunakumbuka kwanza kumlipia madeni yake, kwa kuwa deni halifi pamoja na mwenyewe. Deni la umma nalo halifi na serikali iliyolikopa. Hupita kwa serikali inayofuata, na kwa watoto ambao hawakuulizwa neno. Kuwaachia watoto hao barabara nzuri ni jambo la thawabu, na kuwaachia deni wasiloweza kulielezea asili yake ni kuwabebesha mzigo usiokuwa wao.

Tunamwomba Mwenyezi Mungu awape viongozi wetu moyo wa kuogopa hesabu, awape majaji wetu ujasiri wa kusema mapema, na atupe sisi macho ya kuzisoma zile kurasa tunazozipita. Amin.